Mfini wa Juba Na Bari

Severino Loro ni Mfini. Anayebisha aende akaitazame pasi yake. Ufini imeandikwa hapo juu kwa herufi za dhahabu, na picha iliyomo ndani ni ya Mbari mweusi tititi mwenye masikio ya ukoo wa mama yake. Serikali ya Ufini imeshamkubali. Sisi wa mtaa wa Juba Na Bari ndio bado tunalitafakari jambo hilo.

Mimi ni jirani yake. Nafundisha Kiswahili katika shule moja ya sekondari hapa mjini, kazi tukufu kabisa katika mji ambao kila mtu hukiongea Kiswahili anavyojisikia. Waganda wana chao, waliorudi kutoka Nakuru wana chao, na mwanafunzi nikimsahihisha hunijibu kwamba ndivyo mama yake anavyosema. Kwa hiyo maneno ya watu nitayaacha kama yalivyotamkwa, isipokuwa ya Mama Kiden, mama mzazi wa Severino. Yeye husema Kibari, na Kibari chake hakina kosa hata moja. Nimeona ni haki nimpe Kiswahili cha kulingana nacho.

Severino alizaliwa ng'ambo ya mto, kusini ya Sherikat, katika shamba la ukoo wa baba yake, mahali ambapo ukisimama unakiona kilima cha Rejaf upande wa pili wa maji. Vita vilipofika huko alikuwa bado mtoto wa mgongoni. Mama Kiden alimfunga kwa kitenge akatembea naye mpaka Uganda. Baba alisema atakuja baadaye kidogo, na mpaka leo hajaja. Mtoto akakulia kambini Adjumani, akila mahindi ya manjano ya msaada, mpaka shangazi yake alipopata bahati ya kupelekwa Ulaya akamwandikisha kama mwanawe. Mama alikubali. Hakuulizwa sana, naye hakueleza sana. Alisema tu, “Huko atakula.”

Ulaya yenyewe ikawa Ufini. Na serikali ya Ufini, kwa ukarimu wake, iliwapa wageni wake nyumba katika kijiji ambacho Wafini wenyewe walikuwa wanakikimbia. Vijana wote walishakwenda mjini. Walikuwa wamebaki wazee, misitu, vinamasi, na baridi ambayo shangazi aliielezea kwa simu mara moja tu, kisha akanyamaza kwa kuogopa kuonekana mwongo. Alivumilia mpaka kijana alipomaliza shule, akahamia mji mkuu, akaolewa na dereva wa basi. Severino alibaki. Kila aliyemuuliza kwa nini anabaki alimjibu kwamba kuna viazi vya kuvuna.

Viazi hivyo vilikuwa vya bibi mmoja mjane aitwaye Kerttu. Shamba lake lilikuwa limelowa kiasi kwamba mtu asipochimba mifereji huvuna vyura. Alimwona kijana mrefu asiye na kazi, akamkabidhi sepetu. Walifanya kazi kutwa nzima wakisema maneno matatu, na mawili kati ya hayo yalikuwa “ndiyo”. Alimfundisha kunusa udongo mweusi wa kinamasi akajua kama maji yanakuja au yanaondoka, kuokota matunda madogo mekundu msituni, na kukaa kimya mbele ya ukungu wa asubuhi kama watu wanavyokaa kanisani. Severino aliipenda ile nchi yenye maji, jinsi watu wengine wanavyopenda mwanamke asiyewaahidi chochote.

Halafu akaanza kuandika. Kwa Kifini. Kitabu cha kwanza kilihusu mfereji. Cha pili kilihusu shamba lililo kando ya mfereji. Katika cha tatu bibi mmoja anazeeka, na mfereji upo. Hakuna anayepigwa risasi. Wilaya ikampa tuzo, magazeti yakaandika kwamba sauti ya Afrika imeanza kusikika Kaskazini, na waandishi wa magazeti hayo wote wakasema wanasubiri kwa hamu aandike kitabu chenyewe hasa, yaani cha huko kwao. Alipoitwa kusoma katika maktaba za vijijini, wazee walisikiliza kurasa nzima za viazi, kisha wakanyoosha mikono na kuuliza kama amewahi kuona simba.

“Nimeona mmoja,” aliwajibu. “Alikuwa katika bustani ya wanyama mjini kwenu. Alikuwa amelala.”

Kerttu alipofariki, wapwa wake walikuja kutoka mjini, wakalia vizuri sana, wakaliuza shamba kwa kampuni ya miti. Kampuni ikapanda misonobari kwa mistari iliyonyooka, na mifereji ikaachwa ijifukie. Severino alikaa majira yote ya baridi akiitazama ile miche, wala hakuandika hata sentensi moja. Ndipo Mama Kiden alipompigia simu kutoka Juba, alikokuwa amerudi tangu amani ile ya kwanza, akamwambia, “Loro, nimezeeka.” Mama Kiden amekuwa akisema amezeeka tangu mimi nimjue, na bado huwashinda vijana kubeba jerikeni. Lakini Mfini ni mtu wa kuamini anachoambiwa. Akakata tiketi.

Aliyempokea uwanja wa ndege ni mjomba wake, Gune, kaka wa Mama Kiden, aliyekuja na gari la kuazima na suti yake mwenyewe. Mjomba Gune aliishi Kampala miaka mingi ya ukimbizi, na huko alijifunza mambo mawili: biashara ya vipuri, na kwamba kila mtu mkubwa ni rafiki yake. Alimkumbatia mpwa wake, akamtambulisha kwa mapolisi, wapagazi na abiria wengine kama Daktari Severino. Severino hana udaktari wa aina yoyote.

Nyumbani tulikuwa tumejaa uani. Masanduku mawili makubwa yaliwekwa katikati, na ndugu wakayazunguka kwa upendo. La kwanza lilipofunguliwa zikatoka gambuti za kijani, kichwa cha sepetu kilichofungwa kwa gazeti, na sweta ambayo hapa Juba ingemuua mtu kabla ya saa sita mchana. La pili lilikuwa na vitabu tupu, vyote vyake, vyote vya Kifini. Kila ndugu alipata kitabu. Sijawahi kuona watu wengi hivyo wakisema asante kwa huzuni hivyo.

Annet naye alipata. Annet ni Msoga kutoka Iganga, anauza chai na chapati kwenye kibanda kilichoegemea ukuta wa Mama Kiden, na hakuna jambo linalopita mtaani bila kupita kwake kwanza. Alikifungua kitabu, akakigeuza, akakinusa.

“Hii kitabu inasema nini, ssebo?” Ssebo kwao ni bwana.

“Ni habari za mfereji,” akasema Severino.

“Mfereji gani?”

“Wa shambani.”

“Kitabu yote?”

“Yote.”

“Na watu ya huko ilisoma mpaka mwisho?”

Severino alifikiri, maana ni mtu mkweli. “Wachache,” akasema.

Annet alikitia kitabu chini ya mguu mfupi wa meza yake ya chapati, na tangu siku hiyo meza ikaacha kuyumba. Amekisifu kuliko mhakiki yeyote ninayemfahamu.

Mjomba Gune alikuwa na mpango. Jioni ileile alivuta kiti karibu na mpwa wake. “Mimi nimeongea na watu kubwa,” alisema. “Mtu yenye imeandika vitabu tatu haiwezi kukosa ofisi. Wewe vaa tu suti. Kiti iko.”

“Mjomba, sitaki kiti. Nataka kuliona shamba.”

Mjomba akamgeukia dada yake. “Huyu jana amelala na neti?”

Mama Kiden alikuwa anapepeta mtama, hakuinua macho. “Kule kuna nini?” alimuuliza mwanawe.

“Kuna ardhi, Mama.”

“Hata hapa ipo. Itazame, iko kwenye viatu vyako.”

Lakini Severino alikwenda. Alivaa gambuti zake, akapanda boda mpaka Sherikat, wapakizi wa malori pale darajani wakampigia miluzi na kumuita Kawaja, jina tunalowapa wazungu, na kwa kuwa hakukasirika likamganda. Akawa Kawaja Loro. Alilikuta shamba nusu ni kichaka, na nusu nyingine analima mtu aitwaye Soro, binamu wa mbali wa baba yake, askari wa zamani aliyeacha bunduki kwa sababu, kama anavyoeleza mwenyewe, nayo ilikuwa inahitaji kusafishwa kila siku. Soro alimkaribisha kwa mikono miwili. Mtu anayetaka kulima kwa hiari yake hakuwa amemwona tangu azaliwe.

Walifyeka pamoja, yaani Severino alifyeka, na Soro akamwonyesha pa kufyeka. Mwezi wa nne mvua kubwa ikanyesha, maji yakatuama shambani yaking'aa, na Severino alipoyaona moyo wake ukaruka. Miezi miwili amekuwa mgeni wa kila kitu, hajui kununua maji ya tangi, hajui kumkataa mjomba, Kibari chake ni cha mtoto wa kambini. Sasa hatimaye kuna jambo analolijua! Alikipachika mpini kile kichwa cha sepetu akaanza kuchimba mifereji. Alichimba kwa majuma, peke yake, jua la Juba likimpiga utosini, kwa kamba na vigingi. Watu walitoka mtaa wa jirani wa Gumbo kuja kuangalia. Kusema kweli ilikuwa mizuri. Katika nchi hii sijaona kitu kilichonyooka kama ile mifereji, na nazijumlisha barabara.

Soro alikuwa amekaa kivulini. “Haya maji unayapeleka wapi?” aliuliza siku moja.

“Mtoni.”

“Mto umekuomba?”

Severino alimweleza kwamba maji yakituama mizizi huoza. Alimweleza kwa upole, kwa mifano ya viazi. Soro alitikisa kichwa kwa heshima, na Severino alipoondoka alichukua jembe akaukata mdomo wa mfereji mkubwa, maji yakageukia shamba lake yeye lililokuwa bondeni. Hakufanya hivyo kwa elimu yoyote ya siri. Alikuwa amechelewa kupanda kama kila mwaka, kwa uvivu, akaona maji yanapita bure, akafikiri labda yatampunguzia palizi, jambo ambalo halina maana yoyote.

Mwezi wa sita mvua ilikatika, kama inavyokatika kila mwaka, na jua likakaa hapo majuma mengi. Shamba la Severino, lililokaushwa kwa ustadi wa Kaskazini, likawa gumu kama sakafu ya kituo cha polisi. Mtama wake ulifika magotini ukasimama, ukageuka rangi, ukalala. Wa Soro ulimpita mtu kimo. Soro mwenyewe alishangaa kuliko sisi sote, akaanza kutembea akipokea pongezi na kutoa ushauri wa kilimo mpaka Gumbo.

Severino alirudi mjini akiwa na gambuti mkononi. Annet alimwekea chai bila kuulizwa.

“Sisi kwetu Busoga tumekimbia jembe mpaka huku, tunauza chapati,” alimwambia. “Wewe umetoka Bulaya kuja kuifuata jembe. Na jembe nayo inakukimbia. Pole, ssebo.”

Severino alicheka kidogo, lakini nilimwona usiku ule hakula. Nadhani kilichomuumiza si mtama. Alikuwa ameamini kwamba ardhi ni moja, kwamba aliyeijua ile ya Kerttu ameijua na hii, na kwamba hii itamtambua kwa kuwa alizaliwa juu yake. Ardhi haikumtambua. Ilimfanyia kama inavyomfanyia mtu yeyote anayeiondolea maji.

Basi akafanya wanachofanya waandishi wakishindwa kazi nyingine. Aliandika kitabu. Aliandikia uani kwa Mama Kiden, kwenye kiti cha plastiki, jenereta la jirani likinguruma kushoto, kwaya ikifanya mazoezi kulia, redio ya Annet ikitangaza dawa ya minyoo katikati. Aliziba masikio kwa pamba. Na kitabu kilichotoka humo, nimekuja kuambiwa, kimejaa utulivu. Ni kitabu cha shamba la ng'ambo ya mto, asubuhi yake, ukungu wake, ukimya wake mkuu.

Mchapishaji wake wa Ufini alimjibu kwa neno moja: “Hatimaye!” Kitabu kikatoka. Magazeti ya kule yakatangaza kwamba mwandishi huyu sasa amerudi nyumbani, kwamba kila ukurasa unanukia udongo uliomzaa. Kuhusu mtama uliolala, hakuna gazeti lililogusia.

Kasha moja la nakala lilipofika Juba, Mjomba Gune alisema kitabu lazima kizinduliwe. Aliomba ukumbi wa kanisa, akaazima viti, akaalika watu kubwa wake. Wawili walikuja, jambo lililomshangaza hata yeye. Kulikuwa na soda. Kulikuwa na kitambaa cha zambarau juu ya rundo la vitabu, kikaondolewa kwa makofi. Mchungaji alikiombea kitabu kisiwapotoshe vijana, hofu ambayo haikuwa na msingi. Kisha mheshimiwa mmoja kutoka ofisi ambayo sitaitaja alisimama, akakishika juu kichwa chini miguu juu, akasema amekisoma chote kwa umakini mkubwa na amevutiwa hasa na sura ya maendeleo. Tulipiga makofi. Severino, ambaye alilelewa vizuri pande zote mbili, alimshukuru.

Shughuli ilikuwa karibu kumalizika ndipo Mama Kiden alipoinuka kutoka mstari wa mbele. Alikuwa amevaa tobe yake ya sikukuu.

“Tumekisifu,” alisema. “Sasa tusomee.”

Mjomba Gune alijaribu kusema muda umekwenda. Mama Kiden alimtazama, mjomba akakaa.

Severino alifungua ukurasa akasoma kwa Kifini. Lugha hiyo husikika kama mtu anayeshuka ngazi ndefu bila haraka. Watoto walicheka, wakazibwa midomo.

“Vizuri,” akasema Mama. “Sasa kwa lugha ya watu.”

Akaanza kutafsiri, polepole, kwa Kibari chake cha kambini. Ulikuwa ukurasa wa asubuhi waliyokimbia. Ukungu umelala juu ya shamba. Hakuna sauti yoyote. Mama kijana amesimama chini ya mkwaju, mtoto mgongoni, anaitazama ardhi yake kwa mara ya mwisho. Analia bila sauti. Kisha anainama, anachota udongo kiganjani, anaufunga katika ncha ya kitenge chake, na ndipo anapoanza safari. Mama mmoja nyuma alishaanza kufuta machozi.

“Udongo?” akasema Mama Kiden.

Severino akainua macho.

“Mimi nibebe udongo? Nilibeba sufuria, na chumvi, na wewe, na ulikuwa mzito. Njaa ikikushika ningekupikia udongo?”

Watu waliangua kicheko. Hata mheshimiwa alicheka, kwa kuwa kila mtu alicheka.

“Na mkwaju haukuwepo. Ulikuwa lalubu, una miiba. Hakuna anayesimama chini yake. Na ukimya gani? Mizinga ilikuwa inapiga tangu alfajiri, mbuzi wanalia, baba yako anatafuta kiatu.” Kicheko kilikuwa kimepungua. “Na sikulia. Loro, nakuambia mbele ya watu hawa na mbele ya mchungaji. Nilifurahi. Nyanya yako alinilimisha lile shamba nikiwa na mimba, na nilipojifungua akanirudisha kabla sijapona. Kila mstari wa lile shamba nilikuwa naujua kwa mgongo wangu. Nilipoliacha nilisema, asante Mungu, liungue.”

Hakuna aliyecheka tena. Mjomba Gune alitazama soda yake. Mimi nilimtazama Severino, nikidhani nitamwona mtu aliyeaibishwa mbele ya umati, na kwa kweli uso wake ulikuwa umebadilika. Alikifunga kitabu, akakiweka juu ya meza. Akashuka jukwaani, akaketi kando ya mama yake, akamuuliza kwa sauti ndogo ambayo mstari wa mbele tu tuliisikia.

“Sasa ilikuwaje, Mama?”

“Hapa?”

“Popote.”

“Nyumbani,” akasema. “Hapa kuna wezi wa maneno.” Nahofia alinitazama mimi.

Alimsimulia. Si siku moja. Ni majuma, jioni jioni, wakichambua maharage uani, yeye akisema na mwanawe akichambua vibaya. Alimsimulia mkwe wake, mgongo wake, njia ya kwenda Uganda, na jinsi kambini alivyoapa hatashika jembe tena, na hajalishika. Alimsimulia pia siku shangazi alipomchukua, kitu ambacho hajawahi kumsimulia mtu. Alisema gari lilipoondoka alirudi ndani akapika chakula cha watu wawili, akala chote, akakasirika kwamba kilimtosha. Severino hakuandika chochote. Nilimuuliza kwa nini, maana mimi ningeandika. Akasema zamani alidhani mashamba ni mazuri kwa sababu hayana watu ndani yake. Kisha akaniomba nimsogezee ungo.

Alimwandikia mchapishaji wake kwamba ule ukurasa una makosa, akaomba urekebishwe katika toleo la pili. Mchapishaji alimjibu kwa adabu nyingi kwamba toleo la pili halitakuwepo.

Hakurudi Ufini. Wageni wa kutoka kule wakija kukagua visima vyao huwatafsiria, na pasi yake anaihuisha kwa wakati, kwa kuwa ni mtu wa utaratibu. Mjomba Gune bado anamtafutia kiti. Shambani wanalima pamoja na Soro, na mifereji mingine imezibwa, mingine imeachwa, baada ya mabishano marefu ambayo wote wawili wanayafurahia kuliko mavuno. Mwaka huu mtama ulikuwa wa wastani. Soro anasema ni ushauri wake.

Na mwezi uliopita Mama Kiden alivuka mto. Hakuna aliyemuomba. Alitoka chumbani asubuhi amevaa kwa ajili ya ibada, ana mwavuli, akasema, “Twendeni, kabla sijabadili mawazo.” Mimi nilifuata kwa boda ya pili, nimebeba kiti cha plastiki, kwa sababu alishatangaza kwamba hatakaa chini kwenye lile vumbi. Soro alitukuta njiani akiwa amevaa shati safi, jambo ambalo lilimtia Severino wasiwasi.

Mama aliketi kwenye kiti chake katikati ya shamba, mwavuli wazi, akatazama kote. Hakusema ni pazuri. Alinyoosha mkono akasema palikuwa na nyumba pale, ghala pale, jiko la mkwe wake pale. Pale pote palikuwa na kichuguu kikubwa na majani. Severino alikwenda kila alipoelekezwa, akasimama, akamgeukia.

“Kushoto kidogo,” Mama alimwambia. “Hapo. Simama hapo.”

Akasimama.

“Hapo ndipo ulipozaliwa. Ilikuwa mchana, palikuwa na joto, na hakuna aliyenipa maji.”

Severino alikuja akachukua jerikeni yetu, akamimina maji kwenye kikombe, akampelekea. Mama Kiden aliyanywa yote, akasema yana ladha ya plastiki, akamuuliza Soro kama katika shamba lote hili hakuna hata hindi moja la kuchoma.